Jicho la Mwenzako



Mwaka 1943 mwanafalsafa wa Ufaransa, Jean-Paul Sartre, alitoa mfano huu: mtu anachungulia kwenye tundu la ufunguo, amejisahau kabisa. Ghafla anasikia nyayo nyuma yake. Anaona haya. Jicho la mwenzake ndilo linalomfanya ajitambue.

Chuo Kikuu nilifaulu somo hilo, lakini sikulielewa. Miaka mingi baadaye, mzee mmoja alisimama mbele ya meza yangu ofisini. Bila kuinua uso, nikamwuliza namba ya jalada. Jioni, huku Mbweni ninakoishi, nikamkuta kwenye baraza ya jirani. Nikamwamkia, "Shikamoo, mzee." Akaitika, "Marahaba, mwanangu. Kumbe macho unayo!"

Sartre alisema jicho la mwenzako laweza kukugeuza kitu. Pale ofisini nilimgeuza mzee kuwa jalada. Pale barazani alinigeuza mimi kuwa kiti cha ofisi. Lakini alikuwa ameitikia kwanza. Salamu yake ilinirudishia utu kabla ya kunisuta.

Ndugu zangu, wengi wetu tumekabidhiwa meza za umma. Tuinue nyuso.