Hesabu ya Bosi

LATRA, mamlaka inayodhibiti usafiri wa ardhini, ilipandisha ukomo wa kamisheni ya teksi za mtandaoni kutoka asilimia 15 ya mwaka 2022 hadi asilimia 25. Uber, waliositisha huduma Aprili 2022, wakarudi barabarani mwaka 2023. Wengi walifurahi. Sisi tunamwangalia dereva, na tunaiona hesabu.

Chukua safari ya shilingi 10,000, Mbezi Beach hadi Posta, Dar es Salaam. Kampuni ikikata asilimia hiyo 25 yote, dereva anabaki na 7,500. Humo humo atoe petroli. Jioni bosi mwenye gari anataka hesabu yake ya siku, abiria wawepo wasiwepo. Mjadala wote ulikuwa kamisheni, kamisheni. Hesabu haikutajwa.

Ndiyo maana simu inalia kabla gari halijafika: "Unaelekea wapi? Unalipa keshi?" Ukijibu Mbagala, saa kumi na moja jioni, safari inafutwa. Abiria anakasirika, na ana haki. Pengine amesimama juani na mtoto mgonjwa. Dereva naye ameiona foleni ya Barabara ya Kilwa, akaipigia hesabu. Abiria wengine nao humweka getini mpaka achoke, kisha wakishuka wanaomba wapunguziwe buku mbili. Au mtu anatoa noti ya elfu kumi kwa safari ya elfu nne, chenji ikikosekana anafoka. Kiyoyozi kikizimwa, ugomvi mwingine. Wanagombania buku, na hesabu inasubiri.

Wakorofi wapo, hatuwatetei. Dereva anayemsumbua mwanamke usiku afungiwe. Lakini tunaowasikia kila siku kwenye simu za kituo hiki ni watu wanaolala ndani ya gari kwa sababu hesabu haijatimia, na alfajiri wanambeba mtu wakiwa na usingizi. Hilo linatutia hofu kuliko asilimia yoyote.

Wamiliki, kaeni na madereva wenu wiki hii hii! Andikeni mkataba, na siku ambayo gari limelala gereji msidai hesabu. Abiria, tokeni getini mapema, na chenji mkononi. Dereva, ukikubali safari ya Mbagala, nenda Mbagala! Na ninyi LATRA, mmeweza kuiwekea kamisheni ukomo. Waiteni wamiliki mezani, na hesabu nayo iwekewe ukomo!