Wakili wa Mashambani



Abraham Lincoln alizaliwa mwaka 1809 katika kibanda cha magogo huko Kentucky, Marekani. Shuleni hakukaa hata mwaka mmoja kamili. Sheria alijifundisha mwenyewe, akawa wakili mwaka 1836, akizunguka kwa farasi katika mahakama za mashambani za Illinois. Mwaka 1860 alichaguliwa Rais, na mwaka 1863 akatangaza uhuru wa watumwa katika majimbo yaliyoasi.

Ingawa kesi ndizo zilizompa riziki, aliwahimiza mawakili wenzake wawapatanishe majirani, kwani hata mshindi hupoteza fedha na wakati.

Je, sisi tumeuza ng'ombe wangapi kwa kesi za mipaka? Na tuwaendee wazee kwanza, hakimu hatakimbia.