Kenyatta Avenue: Barabara Inayouliza Jina



Nimechagua kuzungumzia barabara ambayo Wakenya wengi wameikanyaga wakiwa na bahasha ya kaki kwapani. Kenyatta Avenue ya Nairobi inaanzia Moi Avenue upande wa mashariki. Inakata Kimathi Street, Wabera Street, Muindi Mbingu Street na Koinange Street, inapita mbele ya Posta Kuu, inavuka Uhuru Highway, kisha inapanda katikati ya Uhuru Park na Central Park hadi inapogeuka kuwa Valley Road. Kwa miguu si safari ndefu. Wengine watawaelezea majengo yake kwa jicho la msanifu, na kazi hiyo ina thamani yake. Mimi nataka kuonyesha kwamba kwa zaidi ya karne moja hapa ndipo dola ya Kenya imekuwa ikimwuliza mtu jina lake, na kwamba historia ya barabara hii ni historia ya kile kilichofanywa na jibu.

Reli ilifika Nairobi mwezi wa Mei 1899, na mji ukapimwa kwa mistari iliyonyooka, barabara zikapewa nambari. Hii ilikuwa Sixth Avenue. Wazee wa jiji husimulia kwamba ilifanywa pana hivyo ili gari la kukokotwa na msururu wa maksai liweze kugeuka bila kukwama. Baadaye ikaitwa Delamere Avenue, kwa heshima ya Lord Delamere, kiongozi wa walowezi aliyefariki mwaka 1931, na sanamu yake ikasimamishwa papo hapo. Uhuru ulipokuja sanamu iling'olewa, nayo sasa iko Soysambu, shamba la familia yake karibu na Ziwa Elmenteita. Barabara ikachukua jina la Jomo Kenyatta. Hardinge Street, iliyobeba jina la kamishna wa kwanza wa himaya hii ya Waingereza, ikawa ya Dedan Kimathi, aliyenyongwa Kamiti tarehe 18 Februari 1957. Wabera Street ni kumbukumbu ya Daudi Dabasso Wabera, mkuu wa wilaya ya Isiolo, aliyeuawa mwaka 1963, miezi michache kabla ya uhuru.

Jina la Muindi Mbingu linastahili kituo. Mwaka 1938 serikali ya kikoloni ilianza kuwanyang'anya Wakamba mifugo kwa bei ya kutupa, kwa kisingizio kwamba ng'ombe walikuwa wanamaliza ardhi, huku kiwanda cha nyama cha Athi River kikisubiri. Wanaume, wanawake na watoto walifunga safari kutoka Machakos hadi Nairobi, wakapiga kambi kwa wiki kadhaa wakidai kuonana na gavana. Muindi Mbingu, aliyewaongoza, alikamatwa na kuhamishiwa Lamu, lakini uuzaji wa lazima ukasitishwa. Leo watu wanapanga foleni ya teksi kwenye mtaa wake bila kujua kwamba huyu alikuwa mtu wa kutembea.

Katikati ya barabara, wasafiri wakipita pande zote mbili, wamesimama wanaume watatu wa shaba nyeusi, miongoni mwao askari mwenye bunduki na mpagazi. Sanamu hizi zilisimamishwa mwaka 1928 kuwakumbuka Waafrika waliopigana na kubeba mizigo katika Vita Kuu ya Kwanza, na mchongaji wake, James Alexander Stevenson, alichonga pia sanamu ya askari iliyoko Dar es Salaam. Maandishi yaliyo chini yake yako katika Kiingereza, Kiarabu na Kiswahili. Yanatoa ahadi kwamba mtu akifa vitani, wanawe watalikumbuka jina lake. Nendeni mkasome. Mtatafuta jina lenyewe na hamtalipata, hata moja.

Wapagazi hao walikuwa wa Carrier Corps, kikosi kilichoachia Nairobi mtaa wa Kariokor na Dar es Salaam soko la Kariakoo. Walikufa kwa makumi ya maelfu, wengi zaidi kwa kuhara, malaria na njaa kuliko kwa risasi. Mwaka 2021, tume inayotunza makaburi ya vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri katika ripoti yake kwamba watu wasiopungua 116,000, wengi wao kutoka Afrika Mashariki na Misri, hawakuandikwa majina au hawakukumbukwa kabisa. Tumezoea kuambiwa kwamba majina yao hayakujulikana. Tukitembea dakika chache kuelekea magharibi, udhuru huo unaanza kuyumba.

Kwenye kona ya Loita Street kuna jengo la mawe lenye mnara mfupi, lililojengwa mwaka 1913 na ambalo leo ni tawi la benki. Ni Kipande House. Sheria ya kuwaandikisha Waafrika ilipitishwa mwaka 1915, vita vikiwa vimeanza, ikaanza kutekelezwa kwa nguvu vita vilipokwisha. Kila mwanamume Mwafrika wa miaka kumi na sita na zaidi alitakiwa kuandikishwa na kuchukuliwa alama za vidole. Katika jengo hili walipangwa foleni na kupewa vipande.

Tukitazame kipande chenyewe. Ni karatasi iliyokunjwa, ikatiwa ndani ya kikopo cha bati, kikopo kikafungwa kamba, kamba ikavaliwa shingoni. Wagikuyu walikiita mbugi, kengele ya mbuzi. Ukiikunjua karatasi unakuta jina la mtu, kabila lake, alama za vidole vyake, kisha safu za mwajiri: siku aliyomwajiri, kazi aliyompa, mshahara aliomlipa, siku aliyomwachilia. Asipoachiliwa kwa saini hakuweza kuajiriwa kwingine. Aliyeondoka bila saini alikuwa mtoro, na vidole vyake vilitosha kumrudisha. Asiyekuwa na kipande alitozwa faini au kufungwa jela. Mwezi wa Machi 1922, Harry Thuku, aliyeupinga mfumo huu waziwazi, alipokamatwa, umati ulikusanyika nje ya kituo cha polisi alimofungiwa, si mbali na hapa, ukapigwa risasi. Muthoni Nyanjiru, mwanamke aliyewahimiza wanaume waende wakamtoe, alikuwa miongoni mwa waliouawa.

Kwa hiyo, mabibi na mabwana, miaka ileile ambayo serikali ilikuwa inasimamisha sanamu zisizo na majina, hatua chache kutoka hapo makarani wake walikuwa wanaandika majina, makabila na alama za vidole za maelfu kwa maelfu ya wanaume. Uwezo wa kuandika ulikuwepo. Wino ulikuwepo. Kilichokosekana ni nia ya kumwandika Mwafrika kwa ajili yake mwenyewe, baada ya kazi yake kwisha.

Mbele kidogo, karibu na Uhuru Highway, liko jumba dogo la mwaka 1913 lililokuwa ofisi ya mkuu wa mkoa, ambamo waliandikishwa waliozaliwa, waliooana na waliofariki. Leo ni Nairobi Gallery, linalohifadhi hazina ya sanaa ya Joseph Murumbi, makamu wa pili wa rais wa Kenya. Nyuma yake linainuka Nyayo House, lenye orofa zaidi ya ishirini, lililokamilika mwanzoni mwa miaka ya 1980. Huku ndiko watu huja kuomba pasipoti. Katika ghorofa ya chini ya ardhi, kuanzia miaka hiyo hadi mwanzoni mwa miaka ya 1990, walifungiwa watu walioshukiwa kuipinga serikali, wengi wao wakidaiwa kuwa wa Mwakenya, harakati ya siri ya upinzani. Seli zilijazwa maji, mtu akasimama humo usiku na mchana, kisha akafungwa macho, akapandishwa kwa lifti hadi orofa za juu kuhojiwa. Mwandishi Wahome Mutahi alipitia mateso hayo mwaka 1986.

Nimekuwa nikifikiria sana juu ya lifti hiyo. Katika jengo lilelile, saa zilezile za kazi, kijana alikuwa anaandika jina lake kwenye fomu ili asafiri akasome, na chini yake mwingine alikuwa anaulizwa majina ya rafiki zake. Ni dola moja iliyokuwa ikiuliza, kwenye anwani moja.

Karibu na hapo, katika jengo la Posta, kilifunguliwa kituo cha Huduma mwaka 2013. Sasa Mkenya anaweza kuomba kitambulisho, cheti cha kuzaliwa na mengine chini ya paa moja. Huu ni ufanisi wa kweli na sitaki kuupunguza. Hata hivyo, Wamakonde wa Msambweni, ambao wazazi wao waliletwa kufanya kazi katika mashamba ya mkonge na miwa, waliishi miongo kadhaa bila kitambulisho. Oktoba 2016 walishika njia kutoka Kwale kwenda Nairobi, wengi wakitembea, hadi rais akaagiza waandikishwe. Miaka sabini na minane baada ya watu wa Muindi Mbingu, njia ya kumfikia mkubwa ilikuwa bado ni miguu. Waliomfuata Thuku walipigania kuvuliwa karatasi shingoni. Wamakonde walitembea ili waipate. Wote walidai kuhesabiwa kama watu.

Ninayo maombi matatu. Kwa benki inayomiliki Kipande House: wekeni kibao mlangoni kinachoeleza, kwa Kiswahili, kilichofanyika ndani. Kwa serikali: wafungulieni wananchi seli za Nyayo House, kama manusura wake walivyoomba kwa miaka mingi, wakiwa bado hai kutusimulia. Na kwenu wanafunzi wa historia: Nyaraka za Taifa ziko Moi Avenue, mwendo mfupi kutoka kwa wale wanaume watatu wa shaba. Ingieni humo mkatafute orodha za wapagazi, wilaya baada ya wilaya, na mkianza kuyapata majina msiyaache kwenye tasnifu. Yaleteni yachongwe chini ya sanamu, palipotolewa ile ahadi.