Karani wa Hawala
Hotuba fupi kwa wanafunzi wa zamani na wa sasa



Nimetakiwa niseme machache juu ya uigizaji wangu. Niseme kweli tangu mwanzo: sikupata jina, wala hamkunisikia redioni. Kwa miaka mingi nimetunga na kuigiza vichekesho vya Mei Mosi na vya kuwaaga wastaafu, na karibu kila mara nilikuwa karani yule yule. Leo nitawaeleza alikotoka.

Mwaka 1982, nikiwa Kidato cha Tatu, tuliigiza Hawala ya Fedha katika bwalo lile pale. Tamthilia hiyo ilitolewa mwaka 1980, na mwandishi wake, Amandina Lihamba, ni mzaliwa wa huku kwetu Morogoro. Aliitoa katika kisa cha Sembène Ousmane wa Senegal, ambacho Sembène mwenyewe alikitengenezea filamu, Mandabi, mwaka 1968. Katika kisa hicho mzee anapelekewa hawala na mpwa wake aliyeko Paris. Fedha ipo, ila mzee hana kitambulisho. Ili apate kitambulisho anatakiwa cheti cha kuzaliwa, na cheti nacho kina masharti yake. Nenda rudi, nenda rudi, huku wadai wanamngoja nyumbani. Mwishoni yule anayemwamini ndiye anayemla.

Mimi nilikuwa karani. Nilivaa miwani isiyo na vioo, na kila nilipomwambia mzee arudi kesho, bwalo zima lilivunjika mbavu. Nilidhani wanamcheka mzee.

Mwaka 1987 nikawa karani wa kweli, katika ofisi ambayo sitaitaja. Akaja bibi mmoja kutoka Mgeta, ameshuka milimani kwa basi tangu alfajiri. Mwanawe alimpelekea fedha kwa jina la nyumbani, na kadi yake ilikuwa na jina la ubatizo. Nikamtuma akalete barua kwa Katibu Kata. Alipoileta haikuwa na mhuri, nikamrudisha. Safari ya tatu alisimama dirishani akasema, "Mwanangu, mimi ni yule yule wa wiki iliyopita."

Foleni nzima ikacheka. Ndugu zangu, kicheko kile nilikifahamu. Ni kile cha bwaloni, na safari hii nilijua anayechekwa ni nani.

Nilimwita mtu aliyemfahamu bibi yule, akashuhudia mbele ya mkubwa wangu, na bibi akalipwa siku hiyo hiyo. Jumapili yake nilikaa nikaandika kichekesho changu cha kwanza.

Tangu hapo nimefuatilia kazi za mama Lihamba. Mwaka 1982, yeye, Penina Muhando na Ndyanao Balisidya walitoa Harakati za Ukombozi. Mwaka 1985 alipata shahada ya udaktari Chuo Kikuu cha Leeds, Uingereza, na akafikia uprofesa katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Usomi haukumwondoa katika uigizaji: yumo katika filamu ya Maangamizi ya mwaka 2001. Na mwaka 1996, pamoja na Penina yule yule, ambaye sasa aliitwa Mlama, alianzisha Tuseme, mpango ambao wasichana wa sekondari hutunga michezo juu ya shida zao wenyewe na kuyasema mbele ya wakubwa wao. Hata hivyo, wengi wanaowajua wachekeshaji wote wa redioni hawalijui jina lake.

Vijana, najua mnaandaa mchezo wa mahafali. Chekesheni sana. Lakini kabla ya kupanda jukwaani jiulizeni mnamcheka nani: aliye nje ya dirisha, au aliye ndani? Kumcheka wa nje ni rahisi, hana pa kushtaki. Na baadhi yenu, kesho, ndio mtakaokaa ndani.