Muziki na Watu Wake
(Hotuba fupi katika mkutano wa wanafunzi wa zamani)



Nimeombwa niseme machache juu ya mpango wa Kidato cha Tano wa kurekodi ngoma za vijiji vinavyotuzunguka. Nitaanzia mbali kidogo, kwa Les Blank, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1935 na kufariki mwaka 2013. Kazi yake ilikuwa kutengeneza filamu za maisha halisi, na nyingi zilihusu wanamuziki na majirani zao.

Mwaka 1976 ilitoka Chulas Fronteras, aliyoifanya pamoja na Chris Strachwitz, mtoaji wa santuri. Inahusu Wamarekani wenye asili ya Meksiko walioko Texas, karibu na mpaka. Chombo chao kikuu ni kodiani, kinanda kile kile cha kuvuta na kubana tunachokijua katika taarabu. Narciso Martínez, anayeitwa baba wa upigaji huo, twamwona akiwalisha wanyama katika bustani ya wanyama, maana ndiyo iliyokuwa ajira yake. Mwimbaji Lydia Mendoza yuko na jamaa zake wakitengeneza tamales, chakula cha unga wa mahindi kinachofungwa ndani ya maganda ya mahindi. Nyimbo za vibarua zinatupeleka mashambani kwa vibarua wenyewe. Mwaka 1993 filamu hiyo, isiyofika hata saa moja, iliingizwa katika orodha ya filamu za kuhifadhiwa na taifa la Marekani.

Mimi ni mtumishi wa serikali. Sherehe zenye ngoma nimehudhuria nyingi, na picha zake mnazijua. Kamera humfuata mgeni rasmi. Wachezaji hupewa dakika tano, tena wamevalishwa fulana za sare! Mpiga ngoma hatajwi jina, wala hatujui analima nini na nani alimfundisha. Siku akifariki, tunabaki na picha ya mgeni rasmi.

Blank naye ana upungufu wake. Huonyesha zaidi kuliko kueleza, na mtazamaji wa mbali huachwa na maswali. Kwa hiyo mmoja wenu ashike daftari: jina la mzee, wimbo huimbwa lini, maneno yake yana maana gani.

Lakini ratiba niliyoonyeshwa inatoa siku moja kwa kila kijiji. Haitoshi hata kidogo. Siku ya kwanza kamera ibaki begini. Teka maji, menya mihogo, kubali kutumwa dukani. Mzee akikuzoea atapiga kama apigavyo kwa ajili ya wenzake. Omba ruhusa kabla ya kurekodi, na picha zikiwa tayari azione yeye kwanza, kabla yetu sisi wa mkutano huu.

Naomba kila kijiji kiongezewe siku mbili. Ndugu Mwenyekiti, najua swali litakalofuata ni la fedha. Chakula cha siku hizo nitakilipia mimi.