Paka Amekufa, Mtoto Aambiweje?

Mada ya leo wapo watakaoicheka: paka wa nyumbani kagongwa na bodaboda, mtoto analia, chakula hataki. Baba anasema, "Paka tu huyo, tutatafuta mwingine."

Kwa mtoto si paka tu. Waislamu wanaijua habari ya Abu Umayr, mdogo wake Anas bin Malik, aliyefiwa na kijidege chake. Mtume (S.A.W.) alipomwona ana huzuni alimuulizia habari za kile kidege. Hakumwambia anyamaze.

Sisi tunaponzwa na uongo wa huruma. Paka amesafiri, tunasema, au amelala. Mtoto wa miaka 3 au 4 hajajua kwamba aliyekufa harudi. Atakaa mlangoni na kisahani cha maziwa akimngoja. Na ukimwambia amelala, usishangae usiku akiogopa kulala, au akimwamsha bibi kila anapojinyoosha mchana. Mwambie wazi: "Amekufa. Hapumui tena, haumwi, na hatarudi." Kesho atauliza lile lile. Jibu lile lile, bila kuchoka.

Aliyefika miaka 6 au 7 huwa na swali jingine, na mara nyingi halitoi: "Jana nilimfukuza, ndiyo maana amekufa?" Mtangulie. Mweleze kwamba ni pikipiki iliyomuua, wala si maneno yake.

Mzoga msiutupe jalalani. Chimbeni shimo refu, naye atie udongo kwa mkono wake akitaka, asipotaka, mwacheni.

Kuna tahadhari moja. Kama aliyekufa ni mbwa, na kabla ya kufa alibadilika tabia, akatokwa na udenda au akauma watu, mtoto asimguse. Mwiteni afisa mifugo. Aliyeumwa aoshwe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha apelekwe hospitali siku hiyo hiyo akachanjwe. Kichaa cha mbwa kikishaonyesha dalili, karibu kila mara huua.

Na paka mpya? Msimlete kesho. Ngojeni mtoto amtake mwenyewe. Lakini zikipita wiki kadhaa bado hali, halali, shule hataki, zungumzeni na mwalimu wake au mpelekeni kituo cha afya.