Wuhan hadi Beijing: Muziki wa Kale Una Umri Gani?

[Mlio wa kengele za shaba, unafifia chini ya sauti ya mtangazaji]

Safari yetu leo ni ya masikio kuliko macho, na inaanzia Wuhan, makao makuu ya jimbo la Hubei, katikati ya China. Katika makumbusho ya jimbo hilo zimetundikwa kengele 65 za shaba nyeusi kwa ngazi tatu, na boriti zake zimebebwa na sanamu za askari waliosimama wima. Zilifukuliwa mwaka 1978 karibu na Suizhou, ndani ya kaburi la Yi, mtawala wa dola dogo la Zeng. Kengele moja ya kundi hilo, zawadi ya mfalme jirani, ina maandishi yanayoonyesha mwaka 433 KK. Kubwa kuliko zote ina uzito unaozidi kilo 200. Ziangalie midomo: si duara, imebinywa kama kokwa ya lozi, na ndiyo sababu kila kengele ina sauti mbili, moja ukigonga katikati, nyingine ukigonga ubavuni. Maandishi ya dhahabu yaliyopachikwa kwenye shaba yanaeleza ni sauti ipi hutoka wapi. Waliozisubu walikuwa mafundi wenye elimu ya sauti, si wabahatishaji.

Mgeni akishaziona hudhani amefika kwenye muziki wa kale wa China. Amefika kwenye ala zake. Muziki ni jambo jingine. Kengele hizo zilipopigwa hadharani kwa mara ya kwanza, tarehe 1 Agosti 1978, tamasha lilifunguliwa kwa wimbo wa kumsifu Mao na kufungwa kwa wimbo wa wafanyakazi wa dunia. Leo wageni hupigiwa nakala za kengele hizo, na hata Beethoven husikika humo. Wapo wanaonuna na kusema wameuziwa mbuzi kwenye gunia. Mimi nashikilia kinyume chake: kuufuma muziki upya juu ya ala za zamani ndiyo desturi kongwe kuliko zote katika muziki wa China, na msafiri anayesaka kilichobaki bila kuguswa atakuwa anasaka kitu ambacho Wachina wenyewe hawakukiweka.

Chukua pipa, na msikilizaji usifikirie la maji: ni ala ya nyuzi nne, jamaa wa udi. Aina iliyokuja kutamba ililetwa kutoka Asia ya Kati kwa njia ya misafara. Enzi ya Tang, kati ya mwaka 618 na 907, mji mkuu Chang'an, ambao leo ni Xi'an, ulijaa wanamuziki wa Kucha na miji mingine ya magharibi. Michoro ya mapango ya Dunhuang inawaonyesha wapigaji wameilaza ala mapajani na kuikwaruza kwa kigongeo. Ingia ukumbi wowote wa China leo: pipa imesimamishwa wima, kigongeo hakipo, vidole vitano vinakimbia juu ya nyuzi, na vizuizi vya shingoni vimeongezeka maradufu na zaidi. Mgeni alipokelewa, akafunzwa adabu za nyumba, mpaka wenyeji wakasahau kwamba alikuja na ngamia. Suona, ala ya kupulizwa, nayo ni hivyo hivyo. Aliyesikia zumari kwenye ngoma ya kirumbizi ya Lamu ataitambua mara moja, kwa kuwa zote mbili ni za ukoo ulioenea kutoka nchi za Waajemi na Waarabu. Enzi ya Ming ilitumika jeshini kutoa ishara. Sasa harusi na maziko ya vijijini kaskazini mwa China hayakamiliki bila mlio wake.

Atakayebisha ataleta guqin, na hoja yake ina uzito. Ala hii ya nyuzi saba haikutoka ng'ambo, wasomi wameipiga tangu zama za Confucius, na kuna hati ya utunzi wake iliyonakiliwa zama za Tang, ambayo sasa imehifadhiwa Tokyo. Je, huo si muziki ulioganda? La. Maandishi ya guqin humwambia mpigaji aweke kidole wapi na avute uzi gani, lakini hayamwambii sauti idumu kwa muda gani. Mapigo anayatafuta mwenyewe, pengine kwa miezi. Kwa hiyo wapigaji wawili wakiusoma ukurasa mmoja hutoka na vipande viwili, na hakuna anayemshtaki mwenzake.

Pingamizi la pili ni zito zaidi: kwamba karne ya 20 ilivuka mpaka. Mwanamuziki Liu Tianhua alileta mbinu za fidla kwenye erhu, lile zeze la nyuzi mbili. Baada ya mwaka 1949 hariri iliondolewa, nyuzi za chuma zikawekwa, na zikaundwa okestra kubwa kwa mfano wa Ulaya. Hasara ipo, tena si ndogo. Hariri ilikuwa na ukwaruzo laini ambao chuma hakiwezi kuutoa, na okestra ya watu themanini huimeza sauti ya guqin kabisa. Lakini sikiliza rekodi za Abing, kipofu aliyepiga muziki mitaani Wuxi, zilizochukuliwa mwaka 1950, miezi michache kabla ya kifo chake. Ni vipande sita tu, vitatu vya erhu na vitatu vya pipa, na kimoja kimekuwa kama kitambulisho cha erhu duniani. Wanafunzi wa vyuo wanaokipiga kwa nyuzi za chuma hawakukizika. Wao ndio waliokieneza.

Kwa hiyo ukienda Xi'an, maonyesho ya jioni yenye mavazi ya Tang yafurahie kama kazi ya watunzi wa zama zetu, kisha tenga siku kwa vikundi vya vijijini vya filimbi na ngoma, ambavyo UNESCO iliviorodhesha mwaka 2009 na ambavyo bado husoma alama za kale. Beijing, pita Ukumbi wa Michezo wa Wafanyakazi. Hapo mwaka 1986 Cui Jian aliimba wimbo uliofungua mlango wa roki ya China, na katikati ya magitaa ya umeme ikasikika suona.

[Suona, sauti juu, hadi mwisho]